Jina Lililomngoja Mjomba

Vumbi. Tuanze na vumbi, maana mwezi wa nane Kinampanda hakuna kingine cha kuanzia. Vumbi la njia za ng'ombe, vumbi la mashamba ya uwele yaliyokwisha vunwa, vumbi jembamba linaloingia kwenye unga na kwenye nywele na kwenye titi la mama kabla mtoto hajalionja. Hulifagii likaisha. Unalihamisha tu.

Siku ile vumbi lilisimama juu ya uwanja wa baraza, likasimama hasa, mpaka jua likaonekana jekundu mchana kweupe. Miguu ndiyo iliyoliamsha. Watu walikuwa wakicheza, wazee kwa vijana, Wakristo kwa Waislamu, hata wale ambao tangu mwaka wa njaa hawakuwa na nguvu ya kucheza. Bwana Shauri, Mzungu wa serikali, alikuwa amekuja na motokaa kutoka boma, ameleta neno moja: vita vimekwisha. Vimekwishaje? Kwa mabomu ya ajabu, na la kwanza lilitosha kumaliza mji mzima. Bomu moja, asubuhi moja, mji mkubwa wa adui, na mji huo haupo tena. Jumbe Antipasi akalipokea jina la mji kutoka kinywani mwa mkalimani, akalitupa kwa watu, na watu wakalidaka. Hiroshima! Wakalipigia ngoma. Hiroshima! Wakalipigia makofi. Loo, lilivyokaa mdomoni jina lile! Lilikaa kama Misigiri, kama Kiomboi, kama jina la kijiji cha ng'ambo ya bonde ambako mtu ana shangazi.

Na ndani ya tembe la Laurenti, jirani na uwanja, Dorika mkewe alikuwa akijifungua.

Alilala juu ya ngozi, ameuma kitambaa, anasikia ngoma kupitia ukutani. Mlangoni alisimama mama mkwe wake, Bibi Rahabu, sikio moja ndani, sikio moja nje. Katika ukoo wao jina la mtoto halichaguliwi. Jina hupita. Kile kinachopita mlangoni mtoto anapolia mara ya kwanza, hicho ndicho yeye. Ndiyo sababu palikuwa na mzee aliyeitwa Nzige, na mama mmoja mnene, mcheshi, aliyeitwa Njaa, na hakuna aliyewacheka. Siku ile mtoto alipolia, mlangoni lilipita jina moja tu, limebebwa na koo zote za Kinampanda.

"Ni msichana," akasema Bibi Rahabu. "Amekuja na Hiroshima."

Dorika akacheka kwa uchovu. Akalijaribu jina kimoyomoyo, kisha kwa sauti. Ilikuwa furaha. Nawaambieni ilikuwa furaha, msije mkamhukumu. Kwake jina lile halikuwa na mji ndani yake, wala nyumba, wala mtu aliyeamka asubuhi akawasha moto wa chai. Lilikuwa na kaka yake ndani yake. Vita vimekwisha, basi Kefa anarudi. Ndivyo alivyolisikia, na ndivyo alivyolipenda.

Na Kefa alitakiwa arudi upesi. Sikilizeni kwa nini.

Jina la mlangoni ni nusu ya jina. Nusu ya pili iko mikononi mwa mjomba, ndugu wa mama, yeye na si mwingine. Mjomba huja akachota vumbi kwenye kizingiti cha dada yake, akalichanganya na samli, akampaka mtoto kwenye paji la uso, akamwita mbele ya watu, na mtoto akaitika. Akiwa mchanga, mama humwitikia. Hapo ndipo anakuwa mtu. Kabla ya hapo ni mgeni aliyepumzika kwa watu, na mgeni akiondoka, ameondoka. Anafukiwa nyuma ya nyumba alfajiri, bila matanga, bila kilio, na mama yake asubuhi hiyo hiyo anashika jembe.

Dorika alikwisha kushika jembe namna hiyo.

Ulikuwa ule mwaka wa njaa. Serikali imechukua ng'ombe kwa ajili ya vita, imechukua vijana kwa ajili ya vita, na mvua nayo ikakataa, ungesema hata yenyewe imechukuliwa. Kefa alikuwa amekwisha kwenda. Walimpa bunduki na kofia, wakampakia kwenye lori na wenzake wa Keya, askari wa Mwingereza, lori likaondoka, likaacha vumbi. Baadaye Dorika akazaa mvulana. Mvulana akakaa kidogo, akakohoa, akakohoa, akafa. Dorika aliomba, jamani, aliomba mtu yeyote amwite mwanawe, hata binamu, hata mwalimu wa misheni. Wazee wakamtazama kwa huruma, wakatikisa vichwa. Haiwezekani, mwanetu, wakasema. Mjomba wake bado hajarudi.

Wakamfukia karibu na zizi, bila jina, bila wimbo. Dorika hakulia. Palimkauka hapa, kooni, na pakabaki pamekauka miaka yote ile.

Basi mnaona. Mtoto wa pili alipolia, na ngoma zikisema vita vimekwisha, mwanamke huyu alisikia kitu kimoja tu: huyu ataitwa. Huyu hatazikwa kama kuku.

Baada ya siku chache Bwana Shauri alipita tena akirudi boma, na Jumbe Antipasi akaisimamisha motokaa mbele ya tembe la Laurenti. Alitaka kujipendekeza, ndizo zake. Akamwita Dorika atoke na mtoto. Akamwambia mkalimani, na mkalimani akamwambia Bwana, kwamba watu wa hapa wamefurahi mpaka wamezaa Hiroshima yao. Bwana Shauri akamtazama mtoto. Akaanza kucheka. Alicheka mpaka akashika mlango wa gari, mpaka akavua miwani na kufuta macho. Kisha akaingiza mkono ndani, akatoa kopo la maziwa mazito, yale matamu, akampa Dorika. Dorika akapiga goti, akapokea kwa mikono miwili. Aliona fahari! Maziwa yalipokwisha alilisugua kopo kwa majivu likang'aa, likawa kikombe cha mtoto.

Ewe mji wa mbali, utusamehe. Hapa hatukujua kama una milango.

Wanajeshi wakaanza kurudi. Walirudi mmoja mmoja, wawili wawili, na mabuti na mablanketi na maneno ya Kiingereza. Kila lori liliposimama Kiomboi, Dorika alimtuma mtu akaulize. Bado, walisema. Wengine wamebakizwa huko huko Burma. Mtoto akakaa, akatambaa, akasimama, akatembea. Jina lake alilijua. Ukimwita kutoka kisimani alikuja mbio, tumbo mbele, mikono juu, Hiroshima wa watu, kopo lake mkononi. Wageni walipouliza kama amekwisha kupakwa samli, Dorika aligeuza uso. Mjomba wake, alisema, bado hajarudi.

Masika yaliyofuata Bibi Rahabu akafariki. Wakamlilia kama anavyostahili. Na alipoingia kaburini aliingia na kitu cha mtoto yule, kwa kuwa jina la mlangoni anaweza kulirudisha yule tu aliyelipokea. Sasa jina lilikuwa limefungwa kwa mtoto, zuri au baya. Lakini nani angefikiria kwamba ni baya?

Kefa alirudi nyuma ya wenzake wote. Ilikuwa kiangazi cha pili baada ya vita, na hakuja kwa lori. Alikuja kwa miguu kutoka njia kuu, taratibu, hata vumbi halikumwona. Dorika alikuwa anapepeta. Aliinua macho akaona mtu mwembamba mwenye koti la jeshi, amesimama kando ya kihenge cha nafaka, akamjua kwa mabega. Ungo ukaanguka.

"Shikamoo, kaka."

"Marahaba, Dorika. Hamjambo?"

Akamshika mikono, akamshika uso. Aliruka, akapiga vigelegele peke yake uani, akakimbia kwa majirani akirudi tena kuhakikisha kaka bado yupo. Jioni ile hakungoja. Kwa nini angoje? Aliyatoa mapombe, akaitoa samli aliyoitunza kwenye kibuyu tangu mtoto alipozaliwa, akiibadilisha kila ilipochacha. Wanawake wakajaa uani, ndimi tayari kwa vigelegele. Jumbe Antipasi akaja, hakosi penye pombe. Kefa akafurahi pia, alifurahi kweli, alimwona mpwa wake akasema, huyu ni bibi yetu mtupu, tazama masikio. Akainama kizingitini akachota vumbi. Akatia samli. Akachanganya kwa kidole.

"Haya," alisema. "Anaitwa nani?"

Wakamjibu wote kwa pamoja, kwa furaha, kama wimbo walioungojea muda mrefu.

Kefa alibaki ameinama. Mkono wake ukafunguka, vumbi na samli vikaanguka chini, pap. Akasimama, akawapita watu, akatoka nje ya ua. Wanawake wakabaki vinywa wazi, na vigelegele ndani yake.

Mtu atukanwe mara ngapi? Dorika alikaa pale pale na mtoto mapajani, uso unamwaka. Laurenti mumewe akasema, huyu ndugu yako ametutema mate. Njaa, yule mama mnene, akasema kwa upole kwamba vita vimemwingia kichwani, mwacheni apoe. Siku zilizofuata hakupoa. Alikata miiba, akatengeneza zizi la shemeji yake, akala akipewa. Mtoto akimkaribia alimpa muwa, alimbeba begani, lakini jina, wapi. Alimwita "we mdogo." Alimwita "njoo hapa." Na vumbi la mwezi wa nane likaja, likaingia kila mahali, na usiku mmoja Dorika akasikia mtoto anakohoa.

Kikohozi kile alikijua. Alikisikia kwa mwili wake wote.

Asubuhi akamfuata kaka yake zizini. Hakusalimu. Sikilizeni, Dorika yule yule aliyekuwa akipiga magoti hata kwa vijana waliomzidi mwaka, hakusalimu.

"Kaka, nimekukosea nini? Umevuka bahari umekwenda kuua watu usiowajua, leo unashindwa kumwita mtoto wa dada yako?"

"Liondoe lile jina, nitamwita hata sasa hivi."

"Mwenye kuliondoa yuko kaburini."

"Basi siwezi, Dorika."

"Anakohoa, Kefa."

Aliposikia hilo akaliacha panga. Alitazama pale karibu na zizi, mahali ambapo ardhi ilikuwa imelala tambarare na hakuna alama. Alikuwa ameambiwa. Akaokota kijiti, akachuchumaa, akasawazisha vumbi kwa kiganja, akaanza kuchora.

Alichora mto unaoteremka kutoka milimani. Ulipokaribia bahari mto ukapasuka, ukawa mito saba, kama mto Wembere unavyojitawanya masika kabla ya kufika ziwa Kitangiri. Katikati ya mito akachora visiwa, vyembamba, virefu, na kimoja kipana. Juu ya mito akachora madaraja, mengi, kidole kwa kidole. Pembeni akachora mawimbi. Dorika alisimama akimtazama mtu mzima anachezea vumbi, hasira ikimpanda.

"Huu ndio mji wenyewe," akasema Kefa. "Nami nilichorewa hivi hivi, kwenye vumbi kama hili."

Burma, alisema, baada ya vita, waliwekwa kuwalinda mateka wa Kijapani waliokuwa wakitengeneza barabara. Mmoja wao alikuwa na Kiingereza cha kuokoteza, na Kefa alikuwa na chake cha kuokoteza, na kwa makombo hayo waliongea wakati wa kupumzika. Kefa akamwuliza anatoka wapi. Yule mtu akataja. Kefa akapiga makofi akacheka. Aa, Hiroshima! Tulipigia masufuria kambi nzima siku ile! Mjapani hakukasirika. Alingoja Kefa amalize kucheka. Kisha akaokota kijiti.

Ewe mji wa mito saba. Zamani ulikuwa mchanga na matete, mahali ambapo mto ulitua mzigo wake kabla ya kuingia baharini. Akaja bwana mmoja mkubwa wa zama hizo, anatafuta pa kujenga ngome. Akatazama vile visiwa vya mchanga, akachagua kilichokuwa kipana. Kwa lugha yao hiro ni pana, shima ni kisiwa. Kisiwa kipana. Ndilo jina lote, Dorika, alisema Kefa, halina ukali wowote ndani yake. Ni mtu tu aliyetazama ardhi akasema, hapa pana nafasi.

"Wengine kwao husimulia vingine," akaendelea. "Wanasema nusu ya jina ilitoka kwenye ukoo wa yule bwana, na nusu kwa mwenyeji aliyemtembeza akamwonyesha pa kujenga."

Dorika akachuchumaa.

"Nusu na nusu," alisema.

"Nusu na nusu. Kama sisi."

Ewe mji wa madaraja. Ngome yako watu waliipa jina la samaki wa mtoni. Baharini kwako walifuga chaza wakiwatundika kwenye miti majini, nao wakanenepa huko huko bila mchungaji. Barabarani kwako motokaa zilikwenda juu ya reli, zikipiga kengele, na makarani na wauza mboga na wanafunzi wakarukia humo kila asubuhi. Na mwezi wa nane kwako ni joto, joto kama la kwetu, watoto wakaingia mtoni chini ya madaraja wakarushiana maji mpaka mama zao wakachoka kuwaita.

"Yule Mjapani alikuwa na mtoto," akasema Kefa. "Msichana. Alinionyesha kwa mkono, anafika hapa." Akaweka kiganja hewani karibu na paja. "Yeye yuko msituni Burma ananilenga mimi na mimi namlenga yeye, na mtoto yuko nyumbani, na bomu likaenda nyumbani. Amepata habari kwa wenzake. Hawakumwona mtoto. Hawakuona hata cha kuzika, Dorika. Wa kumzika nao hawakuwepo, mama yake, bibi yake, mtaa mzima. Mtaa mzima siku moja. Sasa mimi nifike hapa kwetu, nimechota vumbi, mikono yangu hii, na nyie mnacheka mnaniambia mtoto anaitwa hivyo. Nimwiteje?"

Dorika alitazama kile kisiwa kipana kwenye vumbi, kipana kama mkeka wa mtu mmoja. Aliliona kopo linang'aa. Alimwona Bwana Shauri ameshika mlango wa gari, anacheka, anafuta macho, na yeye Dorika amepiga goti. Yule mtu alijua! Alijua jina lile lina nini ndani yake, na akacheka, na akampa maziwa. Aliona aibu, aibu ya kumchoma masikio. Kisha ikaja hasira, na hasira ikawa kubwa kuliko aibu, na haikuwa ya Kefa tena.

"Hakuna aliyemwita?" aliuliza. "Yule msichana."

"Hakuna."

Akakaa chini kabisa, kwenye vumbi, kwenye ukingo wa mji. Nyuma yake palikuwa na ile ardhi tambarare isiyo na alama. Alikaa hivyo mpaka kivuli cha zizi kikasogea. Mwanamke huyu alikuwa amejua jambo moja maishani kuliko mtu yeyote wa Kinampanda: alijua mtoto anavyokwenda ardhini bila kuitwa, na mama anavyobaki. Hakuhitaji mkalimani kwa hilo.

"Usimwondolee jina," alisema mwishowe. "Mwite hivyo hivyo. Ila usimwite kama walivyoita siku ile uwanjani. Mwite kama ambavyo ungemwita yule wangu wa kwanza. Mwite kama mtu anayeita watoto waliochelewa mtoni. Na vumbi usichote kizingitini."

"Nichote wapi?"

Dorika akaonyesha mchoro.

Ilikuwa asubuhi iliyofuata, jua bado chini. Watu waliitwa tena, wakaja na wasiwasi, wakaikuta samli lakini pombe hawakuiona. Kefa alikuwa amevua koti la jeshi. Akaenda penye mchoro, ambao dada yake alikuwa ameufunika kwa ungo usiku kucha, akachota. Alichota penye kile kisiwa, akachota penye mito, akachota kidogo na pale pasipo na alama karibu na zizi. Akachanganya na samli. Mtoto alisimama mbele yake na kopo lake, anakohoa, anamtazama mjomba kwa macho ya kungoja muwa. Kefa akampaka kwenye paji la uso.

Akamwita.

Ai, alivyomwita! Si sauti ya sherehe ile. Aliita kwa sauti ndefu, iliyoshuka mwishoni, ile ambayo watu wa kwetu humwitia aliyekwisha kuondoka, wakisimama kaburini kabla udongo haujatiwa. Aliita ameelekea jua linakotoka. Wanawake walikuwa wameweka ulimi tayari, wakashindwa wapige vigelegele au waangue kilio. Jina lile lile walilolichezea, miguu yao yenyewe ilikuwa imelichezea, sasa likapita juu ya vichwa vyao na wakalisikia lina watu.

"Abee," akasema mtoto.

Akaita tena.

"Abee, mjomba," akasema mtoto, kwa subira, kama anayemjibu mtu asiyesikia vizuri.

Hapo ndipo Dorika alipolia. Lilipasuka lile lililokauka kooni, likatoka na sauti ambayo hata Laurenti mumewe hakuwahi kuisikia. Alimlilia mvulana wake. Alimlilia kwa jina ambalo si lake, maana hakuwa na lingine la kumlilia, na alimlilia na yule wa Mjapani, na hakuwatenganisha. Njaa akamshika kiuno, akalia naye. Wengine wakafuata, hata wasiojua wanamlilia nani.

"Sasa nyie vipi?" akauliza Jumbe Antipasi, amesimama pembeni na kibuyu kitupu. "Mtoto ameitwa, si ndiyo furaha? Mbona mnafanya msiba?"

Akangoja pombe, akaona haiji, akaondoka.

Kikohozi kiliondoka chenyewe, kama vikohozi vinavyoondoka vikitaka. Mtoto akanenepa. Lile kopo Dorika alilitupa jalalani na mtoto akalililia siku nzima, akapewa kata ndogo ya kibuyu, akasahau. Kefa hakuoa upesi. Aliamka mapema, alilima, alinyamaza. Vigelegele vilipopigwa arusini mwa watu alitoka akaenda kusimama mbali. Nyumbani walilitamka jina la mtoto kwa sauti ya chini, na majirani nao polepole wakajifunza kulishusha. Ulimwengu haukubadilika kwa hilo, msinielewe vibaya. Kodi ilidaiwa vile vile. Ng'ombe waliochukuliwa hawakurudi.

Kisha kikaja kiangazi kingine, mwezi wa nane mwingine, na njia ikafuka kwa mbali. Motokaa. Watoto wakakimbia kuitazama, mama zao wakawarudisha. Ilisimama mbele ya tembe la Laurenti, na aliyeshuka alikuwa Bwana Shauri yule yule, mwekundu kidogo zaidi, mnene kidogo zaidi, na mkalimani nyuma yake. Alikuwa na mgeni wa Kizungu ndani ya gari, amemwahidi kitu cha kuchekesha njiani. Alikuwa amekwisha anza kutabasamu.

Mkalimani akasafisha koo. "Bwana anauliza, yuko wapi yule mtoto wa siku ya bomu. Anataka mgeni wake asikie mwenyewe anavyoitwa."

Mtoto alikuwa pale, ameshika nguo ya mama yake. Kefa alikuwa pale, kando ya kihenge, na jembe begani. Dorika hakupiga goti. Alimwangalia Bwana Shauri usoni, jambo ambalo hakuwahi kulifanya, akaiona ile miwani na macho madogo nyuma yake yaliyojiandaa kucheka.

"Mwambie Bwana," alisema, "huyu hana jina. Mjomba wake bado hajarudi kutoka vitani."

Mkalimani ni mtu wa huku huku, mila anazijua. Akamtazama Dorika. Akamtazama Kefa, na Kefa akatazama chini. Kisha akageuka akatafsiri, neno kwa neno. Bwana Shauri akainua mabega, akamwambia mgeni wake kitu kifupi, akapanda. Motokaa ikanguruma, ikaondoka.

Vumbi likainuka. Likaja juu ya ua, juu ya kihenge, juu ya ile ardhi isiyo na alama, likawafunika wote watatu wamesimama, hawakukimbilia ndani. Walingoja litue. Lilipotua, Dorika akachuchumaa mbele ya mwanawe. Akamfuta macho kwa ncha ya nguo, akamfuta mashavu, akamfuta mdomo. Paji la uso akaliacha.